Klabu inataka mume wangu asaini kuwa hadai chochote. Nimzuie?

Shikamoo Shangazi,

Mimi ni mama wa watoto wawili, naishi Uyole, Mbeya. Mume wangu anacheza mpira, beki wa kati, ana miaka 32. Si mtu wa kuandikwa magazetini, lakini makocha wanamjua, na kila dirisha la usajili likifunguliwa simu yake huita. Tangu tuoane tumeishi hivyo: msimu huu yuko Kanda ya Ziwa, unaofuata yuko Pwani. Kuna mwaka alipata timu hapahapa nyanda za juu, tukafurahi kweli. Katikati ya msimu kocha akafukuzwa, aliyekuja akaja na mabeki wake, na mume wangu akafunga begi tena.

Tulifahamiana mwaka ule wa 2013 Mbeya City ilipopanda Ligi Kuu na mji mzima ukahamia uwanja wa Sokoine. Yeye alikuwa kijana wa ndondo tu, mpira wa mtaani, huku Uyole, anaenda kutazama kwa kupanda ukuta. Aliniambia siku moja na yeye atacheza mle ndani. Amecheza, tena mara nyingi, na watoto wake wamemuona. Hilo simnyimi.

Tatizo ni hili. Msimu uliopita alisaini miaka miwili na klabu ya Ligi Kuu iliyo mbali na huku. Mshahara laki tisa kwa mwezi, dau la usajili milioni nane. Alipewa milioni nne, nyingine akaambiwa atamaliziwa baada ya mzunguko wa kwanza. Mshahara ulikuja vizuri mwanzoni, ulipoingia mwaka mpya ukaanza kuruka. Ligi imekwisha wakiwa hawajamlipa miezi minne na ile nusu ya dau hajaiona. Muda wote huo alikuwa anacheza, dakika tisini, wiki kwa wiki.

Sasa klabu imepata kocha mwingine, hamhitaji. Wamempigia simu wanasema watampa barua ya kumwachia aondoke bure, ila kwanza asaini karatasi kwamba haidai klabu chochote. Kuna timu ya Championship, ligi iliyo chini ya Ligi Kuu, siyo mbali sana na nyumbani, inamtaka kwa mwaka mmoja: dau milioni tatu, mshahara laki tano na nusu. Wakala wake anasema asipopata ile barua wiki hii, nafasi anapewa mwingine. Mume wangu anataka kusaini. Anasema, "Mke wangu, beki wa umri wangu akikaa nje msimu mmoja, hakuna anayemkumbuka."

Shangazi, goti lake la kulia linavimba kila baada ya mechi. Msimu ule wote alikuwa anachomwa sindano ndipo aingie uwanjani. Alipokuja mapumziko nilimuona anashuka ngazi za mlangoni ameshika ukuta. Ngazi zenyewe ni tatu.

Mimi nauza viazi. Nanunua kwa wakulima, napeleka Mwanjelwa na Soweto. Biashara hiyo ndiyo iliyolipa ada na kodi miezi yote ambayo klabu haikulipa. Kaka yangu ana shamba la parachichi Rungwe, amesema shemeji yake aje walisimamie pamoja. Mume wangu aliposikia alinyamaza siku nzima, akaona kama ametukanwa. Mama mkwe naye amenipigia, anasema mke akiipinga kazi ya mumewe, riziki hufunga mlango.

Nilimwambia akisaini ile karatasi, suala la mpira asinitajie tena ndani ya nyumba hii. Tangu hapo tunaongea habari za watoto tu. Je, nimzuie? Au nikubali hela ipotee, mradi aende akacheze? Nimechoka kuwa mke wa mtu anayetafuta timu kila mwaka.

Mama wawili, Uyole

*

Marahaba mwanangu, pole na kazi.

Asisaini. Naanza na hilo kwa sababu umesema ni wiki hii.

Nimepiga hesabu ya barua yako. Mishahara ya miezi minne kwa laki tisa ni milioni tatu na laki sita. Ongeza nusu ya dau, milioni nne. Mumeo anadai milioni saba na laki sita, na hela hiyo ameshaifanyia kazi. Huko anakokwenda, wakimlipa kila kitu bila kuruka hata mwezi mmoja, kwa msimu wa miezi kama kumi atapata milioni nane na nusu. Yaani anaombwa aache milioni saba na laki sita za jasho lililokwisha kumwagika ili apate ahadi inayozidi hapo kwa laki tisa. Mwoneshe hesabu hiyo kwenye karatasi, bila kusema neno jingine. Yeye ni mtu mzima, ataielewa.

Halafu kuna jambo ambalo wakala hakumwambia, au hakutaka kumwambia. Mkataba wa mumeo umebakiza mwaka mmoja. Klabu ikimuondoa bila sababu ya haki inaingia kwenye fidia ya mwaka huo, na ikimbakiza inapaswa kumlipa mshahara huku kocha hamtumii. Kwa hiyo si yeye peke yake mwenye haraka. Klabu nayo ina haraka, pengine kuliko yeye, ndiyo maana wamepiga simu wao. Anacho cha kuwapa: mwaka uliobaki. Anaweza kusema, "Mwaka ujao nawaachia, sitaudai. Lakini miezi niliyocheza na dau langu viandikwe, kila tarehe na kiasi chake, na mhusika wa klabu asaini." Hayo ni makubaliano ya kuachana ambayo mtu mwenye akili anaweza kuyakubali. Karatasi waliyompa inachukua vyote viwili, mwaka uliobaki na jasho la nyuma, kisha inamrudishia barua.

Wakikataa, kanuni zipo. Kanuni za FIFA za hadhi na uhamisho wa wachezaji zinasema, tangu 2018, klabu isipomlipa mchezaji mishahara ya miezi miwili, mchezaji anaweza kuvunja mkataba kwa sababu ya haki. Sharti lake ni kwamba aidai kwanza klabu kwa maandishi na kuipa angalau siku 15 ilipe. Mumeo ana miezi minne. Mgogoro wake ni wa ndani ya nchi, kwa hiyo unakwenda TFF, shirikisho la soka la Tanzania, kwenye Kamati ya Sheria, Katiba na Hadhi za Wachezaji. Pale Mbeya mjini mtafute wakili aisome barua ya madai pamoja na mkataba na kanuni za TFF kabla haijatumwa. Ada ya wakili kwa barua moja ni ndogo ukiilinganisha na milioni saba. Nakala iende pia kwa chama cha wachezaji, SPUTANZA.

Asiondoke kwa hasira bila kufuata njia hiyo. Mtakumbuka sakata la kiungo Feisal Salum na klabu yake ya Yanga. Mwishoni mwa 2022 alijaribu kuuvunja mkataba mwenyewe, na Januari 2023 kamati ikasema bado ni mchezaji wa Yanga. Aliondoka katikati ya mwaka, pale klabu mbili zilipokubaliana, naye akaenda Azam. Huyo alikuwa nyota, nchi nzima ikimzungumzia, na bado alikaa nje miezi. Beki asiye na kelele nyuma yake anahitaji karatasi zake ziwe safi zaidi.

Basi leo, wakati watoto wakiwa shule, kusanyeni vitu hivi: nakala ya mkataba, taarifa ya benki ya msimu mzima, na ujumbe wowote wa simu ambao kiongozi wa klabu aliandika "tuvumilie" au "wiki ijayo". Ujumbe wa namna hiyo ni kukiri deni. Kama nakala ya mkataba hana, na wengi hawana kwa sababu husaini kwenye gari au hotelini halafu karatasi zote zikaondoka na meneja, aiombe klabu kwa maandishi. Wakimzungusha aulize TFF, maana mkataba ndio uliotumika kumsajili. Tena mwende NSSF muulize michango yake. Mchango ni asilimia 20 ya mshahara, na mfanyakazi hakatwi zaidi ya nusu yake. Kama klabu ilimkata na haikupeleka, hilo nalo liingie kwenye madai.

Sasa nije kwako wewe na yeye.

Nilivyoisoma barua yako, deni hili ndilo linalowaamulia wote wawili. Yeye anataka kuendelea kucheza kwa sababu amedhulumiwa na hataki safari yake iishie kwenye dhuluma. Wewe unataka aache kwa sababu amedhulumiwa na umechoka kuilipia dhuluma hiyo kwa viazi. Liondoeni deni katikati, lipelekeni kwa wakili, kisha ndipo muulizane kama mtu huyu aendelee kucheza. Ni maswali mawili. Mkiyachanganya, mtagombana mwaka mzima na klabu itabaki na hela yenu.

Na kwa swali hilo la pili, mimi sikubaliani na wanaosema umri wake umekwisha. Kwa winga, miaka 32 ni mingi. Kwa beki wa kati anayesoma mchezo, bado. Kelvin Yondani alitoka Simba akaenda Yanga, na baada ya hapo akacheza Polisi Tanzania na Geita Gold. Erasto Nyoni alipita Azam, akaja Simba, kisha Namungo, na umri ulikuwa umeshakwenda. Timu zinazopigania kubaki kwenye ligi huwa zinatafuta watu wa aina ya mumeo: anayejua kupanga ukuta, anayeongea na kipa, asiyepaniki dakika ya 85 timu ikiongoza bao moja ugenini. Sisi Iringa tulimuona marehemu Ally Mtoni, beki tuliyemwita Sonso, hapa uwanja wa Samora akiwa na Lipuli. Mwaka 2019 Lipuli ilifika fainali ya Kombe la Shirikisho la Azam, na mwaka huohuo Sonso akaitwa Taifa Stars kwenda AFCON ya Misri akitokea hapa, siyo kwenye timu za Kariakoo, Simba na Yanga. Baada ya hapo ndipo Yanga wakamchukua. Hakuwa mtu wa kelele. Watu wa Samora walikuwa wanalala usingizi mpira ukiwa upande wake, na nikimkumbuka bado naumia kwamba aliondoka mapema, Februari 2022.

Kwa hiyo usimwambie mumeo kwamba mpira haukumpa kitu. Kuitwa na timu mpya kila mwaka kunachosha nyumba, najua, lakini maana yake pia ni kwamba kila mwaka kuna mtu aliyeona anafaa. Wachezaji wengi wa ndondo aliocheza nao Uyole hawajaitwa hata mara moja.

Ila timu hiyo mpya mnapaswa kuichunguza. Huku kwetu nyanda za juu tumeona. Lipuli ile ya fainali ilishuka. Njombe Mji ilipanda Ligi Kuu 2017 ikakaa msimu mmoja. Ihefu ya Mbarali, iliyowafunga Yanga Novemba 2022 na kuukatisha mwendo wao wa mechi 49 za ligi bila kufungwa, leo ni Singida Black Stars. Klabu nyingi zetu zinasimama juu ya mfadhili mmoja, mmiliki mmoja au halmashauri, na mhusika akichoka, wa kwanza kukosa mshahara ni wachezaji. Mkataba wa matangazo wa Azam Media wa 2021, Sh225.6 bilioni kwa miaka 10, ni wa Ligi Kuu. Ukishuka daraja moja, swali la kwanza ni nani hasa analipa. Mumeo asimuulize wakala, kwa sababu wakala hapati chake mpaka mtu asaini. Awapigie wachezaji watatu waliokuwa pale msimu uliopita: mlilipwa mpaka mwezi gani, mlisafiri kwa basi la nani, aliyeumia alitibiwa na nani? Wachezaji huambiana ukweli kuhusu hilo. Na kama huyo wakala hajawahi kumwonesha leseni ya FIFA, amwombe aione. Mtihani wa leseni ulianza tena 2023, na mwenye nayo haoni tabu kuionesha.

Dau lote la mwaka mmoja lilipwe siku ya kusaini. Ameshaona mwisho wa "nusu baadaye".

Goti sasa. Hili ndilo lililonifanya nisome barua yako mara ya pili. Sindano ile inaua maumivu, haiponyi goti. Maumivu ndiyo yanayomwambia mtu apunguze, na yakizimwa, anaendelea kuruka na kugeuka juu ya kitu ambacho huenda kimechanika, iwe ni kano au gegedu. Kabla hajasaini popote, apige MRI na aonane na daktari wa mifupa asiye wa klabu yoyote. Aanzie Hospitali ya Rufaa ya Kanda ya Mbeya, na ikibidi wamwandikie kwenda MOI, taasisi ya mifupa ya Muhimbili, Dar es Salaam. Majibu yawe yake, akae nayo nyumbani. Asiogope kwamba klabu mpya itajua. Kanuni zilezile za FIFA zinasema mkataba ukishasainiwa haupaswi kutegemea kufaulu vipimo vya afya, kwa hiyo klabu yenye akili itampima kabla, na wakiliona goti hilo mezani wakati yeye hana taarifa, watamshusha bei. Ndani ya mkataba kuandikwe nani anatibu akiumia kazini. Aulize pia kama klabu imemsajili Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, WCF, kwa sababu mchezaji mwenye mkataba wa ajira ni mfanyakazi kama aliye kiwandani Mufindi kwenye chai.

Daktari akisema goti halifai, aache. Hapo nitasimama na wewe hata mama mkwe akipiga simu kila siku. Mtu anahitaji miguu miwili kwa miaka arobaini inayokuja. Akisema linatibika na linachezeka, basi mimi ningemwacha acheze msimu huo mmoja karibu na nyumbani, kwa masharti mnayoyaandika wawili. La kwanza, hachomwi sindano ya kuingilia uwanjani. La pili, mishahara ikikosekana miezi miwili, barua ya siku 15 inaondoka siku hiyohiyo. La tatu, ndani ya mwaka huo atafute kozi ya ukocha ya CAF D, ile ya ngazi ya mwanzo, inayosimamiwa na TFF. Beki wa kati aliyepita mikononi mwa makocha wengi ameona namna nyingi za kufundisha, nzuri na mbaya, na Uyole ina watoto wa kutosha kuanzia.

Habari ya shamba umeileta vibaya, mwanangu, ingawa nia ni njema. Mwanamume aliyetoka kunyimwa mishahara unapomwambia akafanye kazi chini ya shemeji yake, anasikia kwamba ameshindwa. Tena parachichi ya kupandikizwa huanza kuzaa karibu mwaka wa tatu, kwa hiyo miche mipya haitawalisha mwakani. Hela ya deni ikitoka, kaeni na kaka yako muingize fungu lenu kama wabia, iandikwe ekari zenu ni zipi. Hapo ataenda Rungwe kwa miguu yake.

Na yale maneno kwamba asikutajie mpira tena, yarudishe. Si kwa sababu huna haki ya kukasirika. Umelipa ada, umelipa kodi, umebeba nyumba kwa magunia ya viazi wakati watu wengine wanakula jasho la mumeo, na hilo anapaswa kulisema kwa mdomo wake, mbele ya mama yake pia. Lakini kwa sasa yuko peke yake kati ya klabu inayomkimbiza na wakala anayemharakisha. Akikosa mtu wa kuongea naye nyumbani, atasaini usiku ili amalize.

Barua yenyewe ni fupi. Tarehe, jina la klabu, kisha: "Naidai klabu mishahara ya miezi minne, Sh3,600,000, na sehemu ya dau la usajili, Sh4,000,000, kwa mujibu wa mkataba wetu. Naomba nilipwe ndani ya siku 15 tangu kupokea barua hii. Nisipolipwa nitavunja mkataba kwa sababu ya haki na kuwasilisha madai TFF." Miezi aitaje kwa majina. Wakili akishaipitia, itumwe kwa barua pepe ya klabu na kwa mkono pia, na nakala ya mkononi igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe, kwa sababu siku 15 zinahesabiwa kutoka hapo.